Mtoto Aliyekaa Kinyume: Shauri la Kabla ya Safari

Jamaa zetu wengi wa Mombasa, Malindi na Lamu wamehamia Thika na Ruiru kwa kazi na biashara, lakini ada ya mzazi wa kwanza kurudi kwa mamake kujifungua wangali nayo. Ni ada njema, nasi hatuipingi. Ila iko hali moja inayopasa kuisimamisha safari hiyo hadi daktari aulizwe: mtoto kukaa makalio chini na kichwa juu katika mwezi wa mwisho.

Hali hii si mkosi wala jicho la mtu. Katika wiki ya 28 ya mimba, takriban mtoto mmoja kati ya wanne huwa amekaa hivyo. Wengi hugeuka wenyewe, na mimba itimiapo hubaki watatu au wanne tu katika kila mia. Basi mama akiambiwa mapema asihangaike. Akiambiwa baada ya wiki ya 36, hapo ndipo pa kufanya shauri. Mkunga wa kliniki hutambua kwa kulipapasa tumbo, na picha ya ultrasaundi huthibitisha.

Njia ni tatu. Ya kwanza ni kumgeuza mtoto kwa mikono juu ya tumbo. Hufanywa hospitalini na mjuzi wa kazi hiyo, mapigo ya moyo wa mtoto yakipimwa na chumba cha upasuaji kikiwa karibu, nayo hufaulu kwa takriban nusu ya wanawake. Haimfai ambaye kondo limeziba njia, wala anayetokwa na damu. Isichanganywe na kukandwa tumbo nyumbani, kwani kondo laweza kubanduka pasi na mtu wa kuusikiliza moyo wa mtoto. Na wasemao kwamba kurefusha sijda humgeuza mtoto, hilo halijathibitishwa.

Ya pili ni upasuaji uliopangwa. Mwaka 2000 jarida la The Lancet lilichapisha utafiti wa wanawake 2,088 katika nchi 26, ulioonyesha kwamba upasuaji wa namna hii ulipunguza hatari kwa mtoto. Hata hivyo huacha kovu linalohitaji uangalizi katika kila mimba ijayo. Wanaotarajia watoto wengi na waliulize hilo.

Ya tatu ni kuzaa kwa njia ya kawaida. Yawezekana kwa baadhi, mahali penye wakunga na madaktari waliozoea kuzalisha hivyo. Hatari yake ni kichwa kutoka mwisho na kukwama, au kamba ya kitovu kutangulia na kubanwa.

Hatari hii ya kamba ndiyo inayotufanya tuizungumzie safari. Kutoka Ruiru hadi Mombasa ni karibu kilomita 500. Chupa ikipasuka Mtito Andei na kamba ikateremka, dakika chache huamua uhai wa mtoto. Mama aliyebaki Ruiru ana hospitali ya Level 4 mjini humo, na Thika, mwendo wa kilomita 20 hivi, iko ile ya Level 5 ipokeayo wagonjwa wa rufaa. Basi nyanya mtu na apande yeye gari la moshi, aje amlee mzazi wake huko huko bara. Arobaini hukaliwa popote.

Jambo la mwisho ni idhini. Tumezoea kungoja kauli ya mume, naye pengine yuko Ghuba na simu haishiki. Sheria ya Afya ya Kenya ya mwaka 2017 humpa mgonjwa mwenyewe haki ya kuelezwa na kuridhia. Mume na mke wakubaliane mapema, wakwe waambiwe, ili saa ya dharura mama atie saini bila kungoja mtu. Anayependa kuhudumiwa na daktari wa kike aombe tangu kliniki. Akikosekana, uhai hutangulia.

Dada zetu, kliniki ijayo ulizeni: mtoto amekaaje, hospitali hii yaweza kumgeuza, na uchungu ukianza usiku twende wapi? Mwenyezi Mungu awajaalie mjifungue salama. Amin.