Vyama Vingi Pekee Havitoshi



Tangu Katiba ya mwaka 1990 Msumbiji imekuwa nchi ya vyama vingi. Tumekwisha kupiga kura ya Rais mara saba, kuanzia mwaka 1994 hadi mwaka 2024. Wataalamu husema kwamba nchi zilizoacha ukomunisti hupitia hatua mbili: kwanza hubadili sheria, halafu demokrasia huota mizizi. Hatua ya kwanza tumeiona kwa macho yetu. Sisi wa Palma tunauliza: hiyo ya pili iko wapi?

Kabla ya kujibu, yafaa tukumbuke tulikotoka. FRELIMO ilizaliwa Dar es Salaam mwezi Juni 1962. Katika vyama vilivyoungana kuiunda kilikuwamo MANU, na nguvu ya MANU ilikuwa ni ndugu zetu Wamakonde waliovuka Ruvuma kwenda kukata mkonge Tanganyika. Hivyo wavuja jasho walikuwamo tangu mwanzo. Vita vya ukombozi navyo vilianza huku huku Cabo Delgado, mahali paitwapo Chai, tarehe 25 Septemba 1964.

Baada ya uhuru wa mwaka 1975, Mkutano Mkuu wa mwaka 1977 uliamua kwamba FRELIMO ifuate siasa ya Marx na Lenin. Tukaambiwa kuwa dola ni letu na kiwanda ni chetu. Mabaraza ya uzalishaji yalikuwa yameanza viwandani mwaka 1976, na mwaka 1983 ikaundwa Jumuiya ya Wafanyakazi wa Msumbiji, yaani OTM. Hatukatai kwamba mema yalifanyika: watu wazima walifundishwa kusoma, na zahanati zilifika mahali ambapo Mreno hakuwahi kujenga. Lakini OTM ilikuwa mkono wa chama tawala. Ilituhimiza tuzalishe zaidi, ila haikuweza kutusemea tulipoonewa. Mkono haumpigi mwenyewe.

Madhara yake yaliwapata ndugu zetu waliopelekwa Ujerumani ya Mashariki kwa mkataba wa serikali mbili wa mwaka 1979. Zaidi ya vijana 15,000 walifanya kazi viwandani huko, na sehemu ya mishahara yao, kwa wengine hadi asilimia 60, ilikatwa kwa ahadi kwamba wangeipokea nyumbani. Ujerumani ilipoungana mwaka 1990, wengi walirudishwa, na wengi wao wanasema fedha zile hawakulipwa zote. Wameandamana Maputo miaka nenda miaka rudi. Je, fedha zile zilipokuwa zikikatwa, nani aliyekaa mezani kwa niaba yao? Walioketi walikuwa serikali mbili, na kila moja ilidai kuwa ni serikali ya wafanyakazi.

Basi mabadiliko yalipokuja tuliyapokea kwa matumaini. Mwaka 1989 Mkutano Mkuu wa Tano wa FRELIMO uliiacha ile siasa ya Marx na Lenin. Wako wanaosema kwamba mabadiliko hayo yalikuwa zawadi ya wakubwa. Si kweli. Mwanzoni mwa mwaka 1990, kabla Katiba mpya haijapitishwa, wafanyakazi wa Maputo na kwingineko waligoma, maana bei zilipanda chini ya mpango wa kufufua uchumi wa mwaka 1987 na mshahara haukutosha hata kwa chakula. Mwaka huo huo OTM ikajitenga na chama tawala. Katiba ikatambua haki ya kugoma, na sheria za mwaka 1991 zikaruhusu vyama huru vya wafanyakazi. Tarehe 4 Oktoba 1992 ukatiwa saini Roma mkataba wa amani kati ya serikali na RENAMO, na Oktoba 1994 tukapiga kura.

Lakini tazameni yaliyofuata. Katika miaka ya tisini Benki ya Dunia iliitaka serikali ipunguze ushuru wa korosho ghafi zinazouzwa nje. Bunge la vyama vingi lilikuwapo, lakini viwanda vya kubangua korosho vilifungwa na maelfu ya wafanyakazi, wengi wao wanawake, wakabaki bila kazi. Mwezi Novemba 2000, baada ya maandamano ya kupinga matokeo ya uchaguzi, mahabusu zaidi ya 80 walikufa gerezani Montepuez, katika mkoa wetu huu huu, kwa kurundikwa katika chumba kisicho na hewa. Mwaka 2013 na 2014 zikakopwa takribani dola bilioni mbili kwa dhamana ya serikali, Bunge lisijue, na siri ikafichuka mwaka 2016. Na katika uchaguzi wa Oktoba 2024 waliojitokeza hawakufika nusu ya walioandikishwa. Matokeo yakapingwa barabarani, na mamia wakauawa katika miezi iliyofuata.

Ndugu zetu, haya yote yametokea katika nchi yenye vyama vingi, Bunge na Tume ya Uchaguzi. Umbo la demokrasia lipo. Lililokosekana ni nguvu ya watu waliojipanga chini, wawezao kumwuliza mwenye madaraka swali na kungoja jibu bila kuogopa.

Hapa Palma jambo hili halihitaji darubini. Gesi iligunduliwa baharini mwaka 2010. Mwaka 2012 ikatolewa haki ya kutumia karibu hekta 7,000 za ardhi ya Afungi. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1997 inaagiza kwamba wenyeji washauriwe kwanza, lakini mashirika ya raia yalilalamika kwamba mashauriano hayakufanywa ipasavyo. Zaidi ya kaya 500 zilipangiwa kuhamishwa, na kijiji kipya cha Quitunda kikajengwa. Nyumba zake ni za saruji, hilo tunalikubali. Lakini mvuvi hali saruji. Aliyezoea kushuka pwani kwa miguu anahitaji bahari karibu yake, na aliyeondolewa shambani anahitaji shamba jingine.

Halafu ikaja vita iliyoanza Mocímboa da Praia tarehe 5 Oktoba 2017. Tarehe 24 Machi 2021 wauaji waliingia mji wetu. Raia wengi walikufa, na miongoni mwao wafanyakazi wa makandarasi waliokuwa wamekwama mjini. Kampuni ya TotalEnergies ikasimamisha kazi, na haikutangaza kuirejea rasmi hadi mwishoni mwa mwaka 2025. Kazi iliposimama, kibarua ndiye aliyetupwa kwanza. Hakuwa na mkataba wa kushika mkononi, wala tawi la chama la kumwandikia barua.

Wapo watakaosema: "Kwanza usalama, haki baadaye." Tunawaheshimu, maana nasi tumezika. Hakuna dhuluma inayohalalisha kuchinja watu wasio na hatia. Lakini mji ambao kijana wake anaona magari ya kampuni yakipita kila siku, naye hana pa kuulizia kazi wala pa kulalamika akipunjwa, mji huo haulindwi na askari pekee. Usalama na haki ni kama makasia mawili: ukipiga kasia moja, ngalawa huzunguka pale pale.

Tutazame na wenzetu. Huko Poland, chama cha wafanyakazi cha Solidarność kilichozaliwa mwaka 1980 ndicho kilichouangusha utawala wa chama kimoja mwaka 1989. Kiongozi wake, Lech Wałęsa, fundi umeme wa bandari ya kuunda meli ya Gdańsk, akawa Rais mwaka 1990. Mwaka 1996 bandari ile ile ilitangazwa kufilisika. Jirani zetu wa Zambia walimchagua Frederick Chiluba, kiongozi wa wafanyakazi, mwaka 1991, na serikali yake ikauza mashirika mengi ya umma, wafanyakazi wengi wakapunguzwa. Fundisho ni dhahiri. Chama cha wafanyakazi kikiwa mkia wa serikali kinakufa, na viongozi wake wote wakihamia ikulu, kinabaki yatima. Kazi yake ni kukaa upande wa mfanyakazi, awe nani Ikulu.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo matatu, na yote yanaanza kwetu wenyewe.

Kwanza, kazi za Afungi zinaporejea, kila mkandarasi awe na tawi lililochaguliwa kwa kura ya siri na wafanyakazi wake. Mkataba usomwe kwa lugha anayoielewa anayetia saini: Kiswahili, Kimwani, Kimakonde au Kireno. Asiyejua alichotia saini hajakubali chochote.

Pili, kiongozi wa chama chetu asishike cheo katika chama chochote cha siasa. Hesabu za ada zisomwe mkutanoni mara mbili kwa mwaka. Hatuwezi kudai uwazi kwa Wizara huku daftari letu limefungwa kabatini.

Tatu, siku ya kura tusiende kupiga tu na kurudi kulala. Sheria inataka matokeo yabandikwe kituoni. Tuyasome, tuyanakili, tuyatunze, ili yatakapotangazwa Maputo tuwe na cha kulinganishia.

Haya ni madogo, lakini demokrasia huota mizizi kwa madogo kama haya. Mwaka 1990 wafanyakazi waligoma kabla sheria haijawaruhusu, na sheria ikawafuata nyuma. Leo sheria tunayo, tunachokosa ni kuitumia. Haba na haba hujaza kibaba. Basi na tuanze na tawi moja, mkutano mmoja, na swali moja linaloulizwa hadharani mpaka lijibiwe.