Kiswahili Kisisomeshwe Mashine na Wageni Peke Yao

Kila mwaka vyuo vikuu vinapofungua milango, vijana wetu huhesabu masomo yenye ajira: udaktari, sheria, uhasibu, kompyuta. Anayechagua isimu, yaani elimu ya lugha, mara nyingi huulizwa na jamaa zake kama amekosa nafasi kwingineko. Leo tunapenda kusema neno juu ya somo linaloziunganisha elimu mbili hizo, isimu na kompyuta, kwani tunaamini kwamba heshima ya Kiswahili katika karne hii inalitegemea kuliko wengi wetu tunavyodhani.

Isimu ya kompyuta ni elimu ya kuiwezesha mashine kuichambua lugha ya binadamu. Humo ndimo vinamotoka vyombo vya kusahihisha tahajia, vya kutafsiri na vya kugeuza usemi kuwa maandishi. Kazi hiyo si ya kunakili tu yaliyofanywa kwa Kiingereza. Tutazame neno moja, "hatutawapikia". Ndani yake mna viungo saba: ukanushi, mtenda, wakati, mtendewa, mzizi, kauli ya kutendea na irabu ya mwisho. Mzizi huo mmoja huzaa pia pikwa, pikisha, mpishi na mapishi. Mashine inayohesabu maneno kwa nafasi zilizo baina yao huona kila umbo kuwa ni neno geni. Aidha, "yeye" wetu hana jinsia. Lakini mashine za kutafsiri zimeonekana mara kadhaa zikimfanya daktari kuwa mwanamume na muuguzi kuwa mwanamke, jambo ambalo msemaji hakulisema kamwe.

Nani basi amelishughulikia suala hili? Hatuna budi kusema kweli. Mwaka 1985 Profesa Arvi Hurskainen wa Chuo Kikuu cha Helsinki, nchini Finland, alianza kujenga programu ya kuchambua Kiswahili, ambayo baadaye iliitwa SALAMA. Aliijenga juu ya nadharia ya maumbo ya maneno iliyotolewa mwaka 1983 na Mfini mwenziwe, Kimmo Koskenniemi. Chuo hicho ndicho pia kilichokusanya hazina ya matini za Kiswahili ambayo toleo lake la pili lina maneno yapatayo milioni 25, na sehemu kubwa ya maneno hayo ilitoka katika magazeti ya Kiswahili. Hatuwalaumu Wafini, tunawashukuru. Lakini ni jambo la kutafakari kwamba yaliyoandikwa na waandishi wa huku yalipata thamani ya kisayansi katika nchi ya theluji, kabla sisi wenyewe hatujayaona kuwa mali.

Historia inatufundisha kwamba tunaweza. Kamati iliyosanifisha Kiswahili kuanzia mwaka 1930 iliundwa na wakoloni. Baada ya uhuru kazi hiyo ilishikwa na wenyeji: Baraza la Kiswahili la Taifa likaundwa kwa sheria mwaka 1967, na mwaka 1981 Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ikatoa Kamusi ya Kiswahili Sanifu. Mwaka 2004, kwa ushirikiano wa wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na wa Sweden, ikatoka Jambo OpenOffice, programu ya ofisi inayozungumza Kiswahili. Kinachotakiwa ni kuendelea.

Kikwazo kikubwa tunakiona mapema, katika shule za sekondari. Kwa miaka mingi kijana aliyeingia kidato cha tano kusoma Historia, Kiswahili na Kiingereza ameiaga hisabati. Na yule wa Fizikia, Kemia na Hisabati ameiaga sarufi. Wakifika chuoni, mmoja anazijua ngeli bila kujua kuandika programu, na mwenzake anajua kuandika programu bila kuzijua ngeli. Somo tunalolizungumzia linamhitaji mtu mwenye yote mawili.

Wako watakaosema kwamba nchi yenye vijiji visivyo na maji haina nafasi ya anasa hii. Tunawajibu kwamba si anasa. Mkulima atakayeiuliza simu yake kiasi cha dawa ya kunyunyizia mahindi, au mama atakayesomewa nayo maelezo ya dawa ya mtoto, anahitaji jibu lililo sahihi kwa lugha anayoielewa. Kosa la tafsiri hapo si la mtihani. Na kanuni za maumbo ya maneno zinaweza kuandikwa kwa kompyuta ya kawaida. Kinachohitajika zaidi ni akili zilizofunzwa.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo matatu. Vyuo vikuu viruhusu mwanafunzi wa Kiswahili asome hisabati na kompyuta kwa shahada ileile, na wa kompyuta asome isimu. Serikali na mashirika yatoe ajira kwa wahitimu hao, maana somo lisilo na kazi hukimbiwa. Na sisi wa magazeti na redio tufungue kumbukumbu zetu kwa watafiti wa nyumbani, badala ya kuziacha ziliwe na mchwa.

Wahenga walituonya tusisafirie nyota ya mwenzetu. Wageni wametuonyesha kwamba safari hii inawezekana. Sasa na tutafute nyota yetu.