Vita vya Siku Hizi Havina Uwanja

Wako wenzetu wasemao kwamba vita vya sasa vitakuwa vyepesi, kwa kuwa ndege zisizo na rubani zitapiga askari tu na kuwaacha raia. Mimi sikubali, na sababu zangu nazitoa papa hapa kwetu.

Mwezi wa Oktoba 1917 Waingereza na Wadachi walipigana siku nne huko Mahiwa, katika njia ya Lindi kuja Masasi. Uwanja ulijulikana: bunduki huku, bunduki kule. Lakini hata vita vile havikuwaacha raia. Wapagazi waliochukuliwa kubeba mizigo ya majeshi walikufa kwa makumi ya maelfu, wengi wao kwa maradhi na njaa, wala si kwa risasi. Jina la Kariakoo, Dar es Salaam, ni ukumbusho wao.

Mwaka 1964 Frelimo walianza kupigania uhuru ng'ambo ya Ruvuma. Hapo uwanja ukapotea. Wapiganaji walikuja usiku na kutoweka porini, na mabomu yakafukiwa njiani. Uhuru ulipatikana mwaka 1975, vikafuata vita vya wenyewe kwa wenyewe, na mabomu yakazidi. Msumbiji ilitangazwa kuwa imesafishwa mwaka 2015. Kwa miaka yote hiyo mkulima aliweza kupoteza mguu kwa vita vilivyokwisha.

Tangu Oktoba 2017 Cabo Delgado inawaka tena, na safari hii kinachoshambuliwa ni kijiji chenyewe. Watu laki kadhaa wamehama makwao, na wengi wao ni ndugu zetu kwa lugha na kwa damu. Oktoba 2020 washambuliaji walivuka mto wakaingia Kitaya, katika mkoa wetu wa Mtwara.

Basi, vita hivi huanzia wapi? Mara nyingi huanza kwa maneno. Kijana asiye na kazi huahidiwa fedha au biashara, au huonyeshwa picha katika simu, kisha huambiwa asiseme nyumbani. Silaha hiyo haizuiliwi na bunduki.

Kwa hiyo wanafunzi wenzangu, akija mtu na ahadi ya siri, tumwulize maswali, kisha tuwaambie wazazi na walimu. Nanyi wazazi, mtusikilize pasipo kutugombeza, maana mtoto anayeogopa fimbo hatasema. Na mkimbizi akibisha hodi, tusimwite adui. Yeye ndiye aliyepigwa kwanza.