Tunataka Michoro: Ilani ya Wafungaji wa Magari

Sisi tunaofunga magari Thika, Nairobi na Mombasa, pamoja na wajenzi wa mabodi ya basi, mafundi wa gereji za Grogan, Nairobi, na wahandisi vijana waliosomea mitambo wakaishia kuuza vipuri, tunaanzisha harakati yenye dai moja kubwa. Anayefungia magari yake Kenya kwa nafuu ya ushuru alete na michoro yake, na sehemu za magari hayo, moja baada ya nyingine, zianze kutengenezwa hapa.

Kiwanda cha Thika kilianzishwa mwaka 1974 kwa jina la Leyland Kenya. Mwaka uliofuata zikaundwa Associated Vehicle Assemblers ya Mombasa na General Motors ya Nairobi, ambayo tangu 2017 inaitwa Isuzu East Africa. Kwa nusu karne tumefunga Land Rover, Peugeot 504, malori na pikapu, na tumezifunga vizuri. Lakini kazi bado inaanzia palepale: kontena linafika likiwa na injini, giaboksi, ekseli na vipande vya bodi. Tunachomelea, tunapaka rangi, tunafunga, tunawasha, gari linaondoka. Karatasi inatuambia nati ikazwe kwa nguvu kiasi gani. Kwa nini kiasi hicho na si kingine, hakuna anayetuambia, na aliyeamua yuko nchi nyingine.

Wapo watakaosema ndivyo mambo yalivyo kwa nchi kama yetu. Waitazame Korea Kusini. Hyundai ilianza mwaka 1968 kwa kufunga Ford Cortina mjini Ulsan, gari la wenyewe, kwa masharti ya wenyewe. Mwaka 1974, mwaka uleule Leyland ilipoanza Thika, Hyundai ilionyesha Pony huko Turin: umbo limechorwa na Mwitalia Giugiaro, injini ya Mitsubishi, chapa ya Kikorea. Mwaka 1991 ikatoa injini iliyoibuni yenyewe. Wafanyakazi wa Korea walilipa gharama kubwa chini ya utawala wa mabavu, na hiyo hatuitaki hapa. Tunachokitaka ni ile nia ya kutobaki kwenye Cortina.

Nia hiyo tuliwahi kuwa nayo. Mwaka 1986 Rais Moi alikiomba Chuo Kikuu cha Nairobi kiunde gari, hata likiwa na sura mbaya au mwendo wa pole. Yakatengenezwa magari matano yaliyopewa jina la Nyayo Pioneer, yakazinduliwa mwaka 1990. Watu wanakumbuka kicheko tu. Sisi tunakumbuka kwamba wahandisi wetu walichora na kuunda gari linalotembea, kisha fedha za kulipeleka kiwandani zikakosekana. Shirika lililoundwa kwa kazi hiyo likageuka kuwa Numerical Machining Complex. Hata Tanzania, kule Kibaha, jeshi lilijenga lori la Nyumbu. Aliyekicheka kizazi kile ajibu kwanza yeye ameunda nini.

Tena ustadi haujatoweka. Simama Mombasa Road, Nairobi, uone chasisi mpya ikitoka kiwandani uchi, dereva amekaa bila kuta wala paa, ikielekea kwa wajenzi wa mabodi. Itakaporudi barabarani itakuwa basi au matatu: fremu ya vyuma imekatwa na kuchomelewa hapa, viti vimeshonwa hapa, milango, ngazi, keria, nyaya za taa, vyote vya mikono ya hapa. Serikali yenyewe imeweka kiwango, KS 372, cha namna bodi hiyo inavyopaswa kujengwa ili abiria asipondeke gari linapobingirika. Basi tayari tunabuni nusu ya gari! Nenda gereji yoyote ya Grogan uone fundi akiongeza jani la springi au kubadilisha bushi zisizohimili barabara ya mawe. Huyo anasahihisha kazi ya mhandisi wa mbali, na masahihisho yake hayaandikwi popote. Tunataka yaandikwe, yapimwe, yarudi kiwandani.

Kwa hiyo tunadai hivi. Kila kampuni inayoingiza vipande bila ushuru ibandike langoni mwake, kila mwaka, orodha ya sehemu ilizonunua nchini, na wafanyakazi waithibitishe. Michoro ya springi, viti, ekzosi, vioo na nyaya iwekwe Numerical Machining Complex pamoja na idhini ya kuitumia, ili karakana yoyote inayofikia kiwango iweze kuzalisha.

Tunajua kikwazo kiko wapi. Kalibu ya kufinyangia mlango wa gari ni ghali mno, na hurudisha gharama yake milango ikitoka kwa makumi ya maelfu. Magari yanayofungwa nchini kwa mwaka hayafikii elfu ishirini, nayo yamegawanywa kwa chapa chungu nzima. Serikali ndiyo inayoweza kulivunja fundo hili, maana ndiyo mteja mkubwa: polisi, hospitali, kaunti, shule. Ichague aina chache za magari, itie saini ya kuzinunua kwa miaka kumi, na iweke sharti kwamba sehemu za hapa ziongezeke kila mwaka. Leo kila ofisi inaagiza inachokipenda, na hakuna mwenye karakana anayethubutu kukopa benki kwa soko la namna hiyo.

Hatutaki magari ya mitumba yapigwe marufuku. Mwalimu aliyejinyima akanunua gari la Japani lenye umri wa miaka saba si adui yetu. Sisi ndio tulioshindwa kumpa lingine. Atakayefunga mlango kabla ya kuwa na gari la bei yake atamwadhibu yeye bure.

Na mfungaji asiwe kibarua. Maagizo yakipungua anaachishwa, yakiongezeka anaitwa mwingine anayeanza kufundishwa upya. Ujuzi wa kuhisi kwa kidole kwamba mlango haujakaa sawa hupatikana kwa miaka, nao hutoka langoni pamoja na mtu. Tunadai mikataba ya kudumu, na nafasi ya mfungaji kupanda hadi meza ya kuchora.

Kazi yetu ya kwanza inaanza sasa, bila kungoja waziri. Kila mwanachama achague sehemu moja anayoifahamu, aipime, aichore kwa vipimo kamili, aandike inakatikia wapi na ameirekebisha vipi. Asiyejua kuchora atafundishwa na aliyehitimu. Aliyehitimu naye atafundishwa kuchomelea. Michoro hiyo itakuwa mali ya wote.