Filamu za kilimo zisemezane na mkulima

Majuzi niliwapa wanafunzi wangu wa tafsiri filamu fupi ya mafunzo waitilie maelezo ya Kiswahili. Ilihusu maharagwe machanga ya kuuzwa ng'ambo, yale ambayo wakulima wa Kirinyaga huyaita mishiri. Picha zake zilipendeza. Tatizo lilizuka msimulizi alipoeleza muda wa kungoja baada ya kupiga dawa. Wanafunzi kadha waliandika: "Piga dawa siku saba kabla ya kuvuna."

Msomaji mpendwa, hebu izingatie sentensi hiyo. Mtaalamu alikusudia kukataza, lakini mkulima atasikia akiamrishwa. Hata shamba lisilo na mdudu hata mmoja litapigwa dawa! Naye atakayevamiwa na wadudu siku tatu kabla ya mavuno hajaambiwa lolote. Ingetosha kusema: "Ukishapiga dawa hii, usichume hadi siku saba zipite."

Hili si suala la ufasaha tu. Mnamo Januari 2013, Umoja wa Ulaya ulianza kupima asilimia 10 ya shehena za maharagwe na minji ya maganda kutoka Kenya, kwa sababu ya masalio ya dawa yaliyopita kiwango. Sidai kwamba tafsiri mbovu ndiyo iliyoleta balaa hiyo. Lakini mzigo unapokataliwa, hasara humwangukia mkulima mdogo, ilhali mwenye filamu keshalipwa.

Umuhimu wa lugha katika filamu za aina hii ulitambuliwa zamani. Kati ya 1935 na 1937, mradi wa sinema za elimu uliokuwa na makao yake Vugiri, Tanganyika, ulitengeneza filamu za afya, kilimo na mengineyo. Maelezo yake yalinaswa kwenye sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, zikiwamo Kiswahili, Kikikuyu, Kijaluo na Kiganda. Mradi ule ulikuwa zao la ukoloni, wala sina haja ya kuusifu kupita kiasi. Hata hivyo, wenyewe walifahamu kwamba picha pekee haifundishi.

Sisi tuna kisingizio gani? Tangu 2012, kipindi cha Shamba Shape Up kimewafikia watazamaji wa runinga kwa Kiingereza na kwa Kiswahili. Leo mkulima hutazama filamu kwenye simu akiwa kando ya mtaro wa maji. Vyombo tunavyo. Kosa letu ni kumwita mfasiri siku ya mwisho, picha zikiwa zimekwisha kupangwa.

Maoni yangu ni kwamba mfasiri aketi na afisa wa kilimo tangu mwanzo. Kisha filamu ionyeshwe wakulima wachache kwanza, nao wasiulizwe kama wameipenda, bali waulizwe watafanya nini kesho shambani.

Nanyi walimu, kazi hii yafaa darasani. Wapeni wanafunzi maelezo ya kibandiko cha dawa wayaandike upya kwa Kiswahili, kisha wamsomee mzazi anayelima. Akielewa visivyo, alama zipunguzwe za mwandishi.