Lafudhi Ilivyomgawia Nafasi Jan Tříska

Seremala akihama nchi hubeba randa na msumeno wake, akaendelea na kazi huko aendako. Mwigizaji hana bahati hiyo. Kitendea kazi chake ni ulimi, na ulimi hauvuki mpaka bila ya kutozwa ushuru. Ushahidi tunao katika maisha ya Jan Tříska, Mcheki aliyezaliwa Prague mwaka 1936, ambaye yamkini wengi wetu hatujapata kulisikia jina lake.

Kwao alisifika. Mwaka 1970 aliigiza mwana wa mfalme katika filamu ya Radúz a Mahulena. Mwaka 1976 akawachekesha watu akiwa Daktari Houdek katika Na samotě u lesa. Lakini tangu majeshi yaliyoongozwa na Urusi ya Kisovieti yaivamie Chekoslovakia mnamo Agosti 1968, wasanii walikuwa wakibanwa, na mwaka 1977 Tříska alihama pamoja na familia yake, akaishia Marekani.

Huko kazi aliipata. Katika Reds (1981) aliigiza mwanamapinduzi Karl Radek. Katika 2010 (1984) akawa mwanaanga wa Kirusi. Na katika Karate Kid ya tatu (1989) akawa Milos, mtumishi wa tajiri mwovu. Hebu itazame orodha hiyo, ewe mwanafunzi wa isimu. Yule mwana wa mfalme amegeuka mgeni wa kudumu. Kipaji ni kile kile; lafudhi ndiyo iliyokwisha kumgawia nafasi kabla hajaufungua mswada.

Watakuwapo wa kusema kwamba hiyo ni desturi ya soko la filamu, nasi hatuna haja ya kulilaumu. Mimi nalilaumu. Desturi hutengenezwa na watu, na hata mwalimu amkatizaye mwanafunzi ili darasa liyacheke matamshi yake, naye anagawa nafasi.

Utawala wa Kikomunisti ulianguka mwaka 1989. Miaka miwili baadaye Jan Svěrák alitoa filamu ya Obecná škola, yaani “Shule ya Msingi”, iliyoandikwa na babaye, Zdeněk, ambaye pia alishiriki kuiandika ile ya 1976. Humo Tříska ni Igor Hnízdo, mwalimu anayekabidhiwa darasa la wavulana watundu waliokwisha kumtia wazimu mwalimu aliyetangulia. Anaingia na bastola kiunoni, na visa vya vita ambavyo ukweli wake unatiliwa shaka. Hnízdo, kwa Kicheki, ni kiota. Walimu wenzangu, itafuteni filamu hiyo: mtamwona mtu anayebembeleza, anayekaripia na anayedanganya kwa lugha aliyoinyonya kwa mamaye, wala hakuna anayemwuliza ametoka wapi. Iliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni.

Mwaka 2002 aliigiza Mfalme Lear, kwa Kicheki, katika Kasri ya Prague. Alifariki Septemba 2017 akiwa na umri wa miaka 80, baada ya kuanguka katika mto Vltava kutoka Daraja la Charles, mjini humo humo.