Chakula cha Usiku Juu ya Mto Saigon

Juma hili safu yetu inawachukua mbali, hadi kusini mwa Vietnam, katika Jiji la Ho Chi Minh, ambalo wakazi wake wengi hata leo huliita kwa jina lake la zamani, Saigon. Huko yapo matembezi ya jioni wanayouziwa wageni: kwanza kuzungushwa mjini kabla jua halijatua, kisha kutazama mchezo wa vikaragosi vya maji, na mwishowe kula chakula cha usiku ndani ya boti inayokwenda polepole mtoni. Huenda msomaji akauliza: mimi ni askari, au ni mke wa polisi mwenye watoto wa kulea, matembezi ya watalii yananihusu nini? Yanamhusu sana. Jioni hiyo, mtu akiitazama kwa makini, ni somo juu ya silaha: inatoka kwa nani, inafanya kazi gani, na inapasa kurudishwa lini.

Mji kabla ya machweo

Matembezi huanza yapata saa kumi na moja jioni, joto linapopungua. Baadhi ya wageni huenda kwa gari, wengine hupanda xích lô, yaani baiskeli ya magurudumu matatu ambayo abiria hukaa mbele na mwendeshaji hukanyaga pedali nyuma yake. Wataonyeshwa Posta Kuu, iliyokamilika mwaka 1891, na jumba la halmashauri ya mji, lililomalizika mwaka 1908. Yote mawili yalijengwa na Wafaransa, ambao waliuteka mji huo mwaka 1859. Kisha watafika mbele ya Jumba la Uhuru. Hapo ndipo tarehe 30 Aprili 1975 vifaru vya jeshi la Kaskazini vilipovunja lango na kuingia, na vita vya miaka mingi vikafikia mwisho wake. Mwaka uliofuata nchi iliunganishwa, na mji ukapewa jina la Ho Chi Minh.

Leo watoto hupigwa picha mbele ya lango hilo. Hebu tuendelee na njia yetu, maana jua linatua na mchezo unakaribia kuanza.

Watu wasioonekana

Jukwaa la vikaragosi vya maji si la mbao bali ni bwawa. Nyuma ya bwawa pana kijumba chenye paa la kupinda kama la hekalu, na mbele ya kijumba hicho huteremshwa kiwambo cha mianzi. Wachezaji husimama nyuma ya kiwambo, maji yakiwafika kiunoni, nao huviendesha vikaragosi kwa miti mirefu na nyuzi zilizofichwa chini ya maji. Mtazamaji haoni mkono wala mti wala uzi. Aonacho ni mkulima na nyati wake wakilima, mwanamke akipandikiza mpunga, mvuvi akimkosa samaki na kumnasa mwenziwe ndani ya tenga, na majoka yakirusha maji na moshi.

Vikaragosi huchongwa kwa mti wa jamii ya mkuyu, ambao ni mwepesi na huelea, kisha hupakwa utomvu maalumu tabaka juu ya tabaka ili maji yasipenye. Pembeni hukaa wapiga ngoma, filimbi na đàn bầu, zeze la uzi mmoja tu ambalo sauti yake hukaribia sana sauti ya binadamu. Anayefungua mchezo ni Tễu, kijana mnene mwenye kucheka, ambaye huwatania wakubwa na wadogo bila kuogopa mtu.

Sanaa hii ilizaliwa kaskazini, katika bonde la Mto Mwekundu, mahali ambapo mashamba ya mpunga hujaa maji na kila kijiji kina bwawa lake. Jiwe lililochongwa maandishi mwaka 1121, kwenye hekalu la Đọi, linaeleza jinsi kobe wa dhahabu alivyocheza juu ya maji mbele ya Mfalme Lý Nhân Tông. Kwa karne nyingi vijiji vilikuwa na vyama vya wachezaji vilivyolinda siri zao kwa kiapo. Mabinti hawakufundishwa, kwa hofu kwamba wakiolewa kijiji kingine wangeichukua siri pamoja na mizigo yao. Siku hizi wanawake nao huingia majini na kucheza, na sanaa haikufa kwa sababu hiyo. Bali imepata mikono zaidi. Husimuliwa kuwa wachezaji wa zamani, ili kuikabili baridi ya maji, walikunywa kikombe cha nước mắm, kiungo kikali cha samaki ambacho tutakikuta tena mezani.

Mwaka 1969, vita vikiwa vingali vikali, watu wa Hanoi walianzisha jumba la vikaragosi la Thăng Long. Taifa lililokuwa likihesabu maiti zake halikuona kuwa ni upuuzi kutunza vikaragosi vyake.

Upanga na kobe

Miongoni mwa vipande vinavyochezwa, kimoja kinawafaa sana wasomaji wa gazeti hili. Ni kisa cha Lê Lợi na upanga.

Mwaka 1407 majeshi ya Ming kutoka China yaliiteka nchi. Mwaka 1418 Lê Lợi, mwenye mashamba wa Lam Sơn, aliinua bendera ya uasi, akapigana kwa muda wa miaka kumi hadi wavamizi wakashindwa mwishoni mwa mwaka 1427. Hiyo ni historia. Ngano za watu zinaongeza kuwa mvuvi mmoja alitupa wavu wake usiku, akavua kipande cha chuma. Alikitupa majini, kikarudi katika wavu mara ya pili, na mara ya tatu. Kumbe kilikuwa ubapa wa upanga. Baadaye Lê Lợi alikuta mpini juu ya mti, na vitu hivyo viwili vilipounganishwa vikaingiana barabara. Kwa upanga huo akaikomboa nchi.

Vita vilipokwisha na Lê Lợi akawa mfalme mwaka 1428, siku moja alikuwa katika boti ziwani, penye mji mkuu. Kobe wa Dhahabu akaibuka, akamwambia kuwa mwenye upanga anautaka upanga wake. Mfalme hakubishana naye, wala hakuomba akae nao mwaka mmoja zaidi. Aliutoa, kobe akaupokea kwa kinywa, akazama. Ziwa hilo liko katikati ya Hanoi na jina lake ni Hoàn Kiếm, maana yake upanga uliorudishwa. Jumba la Thăng Long limejengwa karibu nalo.

Tutafakari kisa hiki, ndugu wasomaji. Ubapa ulitoka katika wavu wa mvuvi, mtu asiye na cheo wala nyumba kubwa. Yaani nguvu ya silaha ilitoka kwa wananchi. Silaha ilitumika kwa kazi moja iliyojulikana. Na kazi ilipokwisha, ilirudishwa ilikotoka. Historia nayo inakaribiana na ngano hiyo: askari wa Ming walioshindwa hawakuchinjwa, bali walipewa boti na farasi warudi kwao, na askari wengi wa Lê Lợi waliruhusiwa kurudi mashambani, waliobaki wakitumika kwa zamu ili mashamba yasikose wakulima.

Kila mmoja wetu aliyevaa sare aijua sheria ya ghala ya silaha. Bunduki hutolewa kwa saini na hurudishwa kwa saini, na risasi huhesabiwa. Kijana anayeanza kazi huona ni taabu ya makaratasi tu. Kumbe ni kisa kile kile cha kobe na mfalme, kilichoandikwa katika daftari.

Mto na kumbukumbu zake

Mchezo huchukua muda usiofika saa nzima. Mnamo saa mbili usiku wageni huwa wamekwisha kuingia botini. Kwa miaka mingi boti za chakula zimekuwa zikitia nanga karibu na Nhà Rồng, jengo lililojengwa na kampuni ya meli ya Kifaransa katika miaka ya 1860, lenye sanamu za majoka juu ya paa. Kutoka hapo, tarehe 5 Juni 1911, kijana wa miaka 21 aliondoka na meli ya Kifaransa akiwa msaidizi jikoni. Baadaye ulimwengu ulimjua kwa jina la Hồ Chí Minh. Mtu aliyekuja kuongoza taifa alianza safari yake kwa kumenya mboga na kuosha masufuria. Basi asiwepo wa kuidharau kazi ya jikoni.

Lakini mto huu una kumbukumbu nyingine iliyo chungu. Tarehe 25 Juni 1965 watu walikuwa wakila chakula cha usiku katika Mỹ Cảnh, mkahawa ulioelea kando ya mto huo huo. Bomu lililotegwa na wapiganaji wa Viet Cong likalipuka. Watu walipokimbilia daraja la kutokea, bomu la pili likawapata hapo. Zaidi ya watu 30 waliuawa, wakiwemo Wavietnam wengi waliokuja kula tu. Wala si upande mmoja peke yake uliomwaga damu ya wasio na hatia katika vita vile. Ndege za upande wa pili zilichoma vijiji vizima. Silaha inapokaa mikononi mwa watu muda mrefu, hufika siku ambayo haichagui tena kati ya askari na mtoto aliyeshika kijiko.

Kwa hiyo boti ya leo yenye taa, wapiga muziki na sahani za samaki si jambo dogo. Mtu kula usiku juu ya mto, akiwa hana hofu na mgongo wake, ni amani inayoweza kupimwa.

Meza ya botini

Akina mama na akina baba wapishi wangependa kujua kinacholiwa. Kwanza huja gỏi cuốn: chapati nyembamba mno ya unga wa mchele, inayoonyesha kilicho ndani kama kioo, iliyoviringishiwa kamba, nyama, tambi za mchele na majani mabichi ya kunukia. Huchovywa katika nước mắm iliyotiwa ndimu, sukari, kitunguu saumu na pilipili. Nước mắm yenyewe hutengenezwa kwa samaki wadogo mfano wa dagaa, waliotiwa chumvi nyingi na kuachwa katika mapipa ya mbao kwa muda wa mwaka hivi, mpaka watoe maji ya rangi ya kahawia. Kisha huja samaki aliyepikwa katika chungu kwa sukari iliyoungua na pilipili manga, wali mweupe, na canh chua, mchuzi mchachu wa samaki wa watu wa bonde la Mekong.

Huo mchuzi wa mwisho unaweza kupikwa hata jikoni kwetu. Chemsha maji, tia ukwaju uliolowekwa na kuchujwa, vipande vya nanasi, nyanya, chumvi na sukari kidogo. Ukichemka, tia vipande vya samaki wabichi, uwaache waive bila kuwakoroga wasivunjike. Epua, nyunyiza majani ya giligilani na pilipili, upakue pamoja na wali.

Wapiga muziki wa botini aghalabu hupiga nyimbo za kusini ziitwazo đờn ca tài tử, ambazo mwaka 2013 shirika la UNESCO liliziingiza katika orodha ya urithi wa binadamu. Zilikuwa burudani ya watu wa kawaida baada ya kazi.

Upanga peke yake hautoshi

Isidhaniwe kuwa vita viliisha leo na kesho yake meza ikajaa. Baada ya mwaka 1975 Wavietnam waliishi miaka mingi ya dhiki. Chakula kiligawiwa kwa kadi, watu walipanga mstari kwa ajili ya mchele katika nchi ya mchele, na majeshi yakaingia tena vitani Kambodia na katika mpaka wa China. Mwaka 1986 serikali ilibadili siasa yake ya uchumi, na wakulima wakapewa uhuru zaidi juu ya mashamba na mavuno yao. Mwaka 1989 nchi hiyo iliuza nje zaidi ya tani milioni moja za mchele. Ni mwaka huo huo, mwezi Septemba, askari wake waliondoka Kambodia na kurudi nyumbani. Upanga ulirudishwa, na jembe likashikwa kwa akili; moja bila la pili lisingetosha.

Wazee wetu walisema: fahali wawili wapiganapo, ziumiazo ni nyasi. Tungeweza kuongeza kuwa nyasi huota tena, lakini zinahitaji muda, mvua na fahali waliofungwa zizini. Basi askari anayemaliza zamu leo, akakabidhi bunduki yake, akatia saini na kwenda nyumbani kula na watoto wake, asione kuwa ameacha kazi. Ameikamilisha. Na akitaka kuwaeleza watoto kazi yake ni nini, awasimulie usiku wa leo, wakiwa wanasubiri chakula kiive, kisa cha mfalme, kobe na upanga.

Hadi juma lijalo, kwaherini.